Kunazi za Bi Ikhlas

Kunazi zilikuwa zimeiva tena, na Mishi alizichukia moja moja. Aliuchukia na mkunazi wenyewe, uliojimwaga juu ya ukuta wa nyuma wa nyumba hapo Rashidiya, na miiba yake iliyomchora mikono kutoka viganjani mpaka viwikoni. Ila aliyemchukia hasa ni mwenye mti, na mwaka huu wa 2017 hakuona tena haja ya kujidanganya kuhusu hilo.

Mwenye mti ni Bi Ikhlas, aliyekuja Dubai kutoka Unguja akiwa msichana, sasa mjane wa miaka sabini na ushei anayetembelea mkongojo. Mishi alipofika kutoka Mombasa kuja kumtunza, siku ile ya kwanza tu bibi alimshika mkono. "Usiniite madam. Niite mama. Wewe si mtumishi humu ndani, wewe mwanangu."

Mishi akalainika, maskini ya Mungu. Ilimchukua miaka minne kuelewa alichopewa. Mtumishi ana likizo, mwana hana. Mtumishi ana siku yake ya mapumziko, mwana hukaa na mamake. Na paspoti ya mwana huwekwa kabatini kwa mama, ufunguo ukafungwa kwenye pindo la kanga, eti isije ikapotea.

Sasa Shifaa, binti wa pekee wa Mishi, anaolewa huko Kisauni, Mombasa. Harusi ilikwisha kuahirishwa mara moja kumngoja mama mtu. Watu wa mume wamesema hawangoji tena: ni Ijumaa ya wiki ijayo, aje asije.

Bi Ikhlas hakukataa. Hata siku moja hakukataa, na hapo ndipo alipomtia mtu wazimu. "Utakwenda, inshallah. Tumalize kunazi kwanza, mwanangu." Na kunazi zake haziokotwi chini wala hazitikiswi. Huchumwa kwa mkono, zilizogeuka rangi tu, zikaoshwa, zikapangwa vikapuni kwa ajili ya wanawe watatu wa kiume, ambao msimu ukipita huwaoni mlangoni. Kila asubuhi Mishi alijaza beseni, na kila asubuhi bibi aliinua shingo akaangalia juu.

"Bado zipo."

Jumatano hiyo Shifaa alipiga simu kabla beseni halijafika nusu. "Mama, somo wangu, huyu anayenifunda, anauliza. Utakuja, au tutafute mtu akae mahali pako?"

Mishi alikata simu. Aliingia chumbani kwa Bi Ikhlas, ambaye alikuwa sebuleni na chai yake, akalitandua shuka jeupe kitandani, akaenda kulitandaza chini ya mti. Kisha akachukua ule ufagio wa mpini mrefu wa kutolea tandabui, akaanza kuupiga mkunazi kwa nguvu zake zote.

"Pigo hili la Idi nane nilizokosa kwetu!" Tawi likatikisika. "Hili la maziko ya kaka yangu! Hili la Shifaa!"

Zilizoiva zikaanguka, mbichi zikaanguka, majani na vijiti vikamwagika kichwani mwake. Njiwa wakahamia kwa jirani. Mishi hakuacha mpaka matawi yakabaki matupu.

Mkongojo ulisikika ukigonga vigae. "Mishi! Umerogwa? Unaniulia mti wangu!"

"Kunazi zimekwisha. Khalas." Jasho lilikuwa likimchuruzika mpaka machoni. "Angalia juu, iko hata moja? Nipe paspoti yangu."

Bi Ikhlas aliangalia juu, akaliangalia na shuka lake. Mishi alikuwa akingoja kutukanwa, na matusi ya kujibia alikuwa nayo tayari. Lakini bibi aligeuka akaingia ndani, akakawia sana, akarudi na paspoti mkononi. Alimpa bila kumtazama usoni.

Mishi aliifungua. Ilikwisha muda wake mwezi wa Novemba. Sasa ni Machi.

"Ulijua?"

"Nilijua baadaye, mwezi wa kumi na mbili. Nikaogopa kukwambia." Sauti ya bibi ilikuwa ndogo. "Nikasema harusi ipite, halafu tutaitengeneza taratibu. Wale wanangu watatu wanafuata kunazi tu, Mishi. Ukenda wewe, mie n'nabaki na nani? Mwanangu..."

"Mwanangu yuko Kisauni!" Mishi alipiga kelele mpaka yeye mwenyewe akashtuka. "Anaolewa Ijumaa ijayo! Wako ni wale watatu. Waite, waje waziokote."

Alivaa buibui lake, akaitia paspoti mkobani. Angeanza na ubalozi mdogo wa Kenya. Wakimpa karatasi ya dharura ya kusafiria, atakwenda. Wasipompa, atakaa mlangoni pao mpaka wachoke kumwona. Kunazi zilipasuka chini ya viatu vyake alipokuwa akikatiza uwanja, na hakujisumbua kuzikwepa.

"Mishi!" Bi Ikhlas aliita, amesimama katikati ya ule uchafu wote. "Utarudi lini?"

Mishi alikwisha kulifungua geti. Aligeuka.

"Maliza kunazi kwanza, mama," akasema, akalibamiza geti nyuma yake.