Kijiji cha Dubu

…na lisitoke hapa, usimwambie mtu, hata paka wako usimnong'oneze, ndivyo Bibi alivyomwapisha Mshonaji asubuhi pale ukutani, apia, akaapia, apia tena, akaapia kwa cherehani yake, na kiapo hakijapoa Bibi akawa ameshamwaga yote, kwamba kile kimashine cha gemu kinachoishiwa chaji kila kukicha si Chiriku anayekimaliza, ni yeye, Bibi mzima mwenye mvi na magoti yanayolia kama bawaba, na Mshonaji akacheka nusura ameze pini alizozibana mdomoni, na sasa Bibi yuko hapa bafuni, amejifungia, amekalia ndoo aliyoipindua, kimashine mapajani, bomba kalifungua kidogo lichuruzike ili wa nje wajue kuna mtu anaoga, anajiuliza alikuwa na wazimu gani hata siri yake akamkabidhi mwanamke anayeshona nguo za mtaa mzima lakini mdomo wake mwenyewe haujui mshono, ila basi, nani wa kumcheka mwenzake, yeye siri za watu zililala ndani mwake lini… "Bibi! Bibi yuko wapi jamani?" Ni Chiriku huyo, mjukuu wake, sauti inapasua kuta kutoka sebuleni, leo siku yake ya kuzaliwa na keki imeshakatwa, wanakitafuta kimashine, watakitafuta sana, "Naoga!" akajibu, na binti yake, mama Chiriku, akapaza sauti kutoka jikoni, "Mama, si umeoga asubuhi? Maji hayo!" maji, maji, mtoto uliyemwogesha kwenye karai leo anakuhesabia maji, acha yachuruzike.

Aliyeleta balaa ni mkwe, fundi majokofu, mtu mpole, hana neno, kaja na gemu mpya ya farasi kwenye kompyuta yake kama zawadi ya bintiye, farasi wenye manyoya yanayopepea, Chiriku akaruka mpaka kiti kikaanguka, halafu mkwe akakitazama kimashine akakuna kidevu, "Nafasi hakuna humu, kimejaa mpaka kooni, lazima tutoe gemu kadhaa ndipo farasi waingie," na Chiriku bila hata kufikiri, "Tufute kijiji, ndicho kikubwa, na tangu mjomba aondoke hakuna anayekicheza," hakuna anayekicheza, Bibi alikuwa pale pale anamenya karoti, kisu kikasimama, na mkwe akasema polepole, "Ukikifuta hiki ndiyo kwaheri, mashine yenyewe imechokonolewa, gemu aliziweka mjomba wako kwa njia zake, duka halitujui, na vyote vilivyojengwa humo vinakwenda navyo," Chiriku akasema sawa, akaenda kuzima mishumaa, na Bibi karoti akaiacha nusu uchi, akapita sebuleni kama mtu anayetafuta miwani yake, akarudi na kitu chini ya kanga.

Kimechokonolewa, ndiyo, na yeye alikuwepo kikichokonolewa, juu ya meza ya jikoni, Kitinda wake na bisibisi nyembamba kama mwiba wa samaki, ulimi kautoa pembeni ya mdomo vile vile alivyokuwa akijifunza kufunga kamba za viatu, kitindamimba, aliyekuja wakati Bibi alishagawa nguo zote za watoto, "Mama usipumue, screw itaruka," na yeye akaziba pumzi, alijua nini yeye, alizuia tu, na kikawaka, na Kitinda akaruka akambusu utosini, "Sasa kinakubali gemu yoyote duniani, hakiulizi duka," akakijaza akakijaza, mpaka siku ya kubeba begi na kuondoka, siku ya begi basi… hapana, si wakati wa begi, wakati wa kufuta, shika akili wewe mwanamke, nafasi ikipatikana kwa wengine kijiji hakitaguswa, hesabu ya sokoni hiyo, toa hivi ubaki na hivi.

Maandishi ya humo hayasomi, ni lugha ya watu, lakini picha anazijua moja moja kama anavyojua milango ya mtaa na kinachopikwa nyuma yake. Kitufe cha juu kinafungua orodha, cha kulia ni ndiyo, cha chini ni rudi, na kimashine kinauliza mara mbili, kama karani, una uhakika, una uhakika kweli… hii ya ndondi itoke, ndiyo, ndiyo, kwaheri, ingawa Kitinda alikuwa akicheza na mabega yake mwenyewe, anakwepa ngumi akiwa kwenye kochi, siku moja akakwepa chai yote ikaishia kwenye shati la baba yake, na baba yake, Mungu amrehemu, akasema, "Umeshinda kwa pointi," haya, magari yatoke, kelele tupu, ndiyo, ndiyo, hii ya kupasua matunda alikuwa akicheza na dada yake, vichwa viwili kwenye kioo kimoja, wakigombana kama kuku, itoke, nayo itoke, mbona kidole kinasita, ni matunda tu, na hii ya vita hata usiulize, ukanda mwekundu wa nafasi unapungua, unapungua kama mtu mnene anayevuta tumbo ndani ili apigwe picha, bado, bado kidogo, "Bibi, toka basi! Unaitwa!" nakuja, naoga mgongo, "Mgongo gani saa nzima!" mgongo wangu.

Na kidogo hicho kilichobaki… zimebaki picha mbili. Kijiji, na paka. Paka wa Chiriku, kipaka cha njano ambacho mtoto kakilea tangu meno ya mbele hayajaota, anakilisha, anakipiga mswaki, kakitafutia mpaka kitanda cha dhahabu. Kidole cha Bibi kikasimama juu ya paka. Nani atajua, atasema mashine imekorofisha, mashine zilizochokonolewa hukorofisha, mkwe mwenyewe kasema, paka mmoja tu, na watoto husahau, kesho atakuwa na farasi, mwenye farasi ana haja gani na paka, ndiyo mara moja, na kimashine kikauliza kwa mara ya pili, una uhakika kweli, na Bibi akamwona Chiriku wiki ile, kasimama katikati ya sebule, machozi mpaka kidevuni, "Si mimi, mama, naapa sikukigusa usiku," na mama yake, "Nani basi, mzimu?" na Bibi kwenye kiti chake, mshona soksi, mtu mzima, akaongezea, "Macho yatakutoka kama ya chura kwa hicho kidude," aliongezea, hakunyamaza tu, aliongezea, na mtoto akanyang'anywa kimashine, na alfajiri nani alikuwa chini ya blanketi anang'oa magugu ya kijiji… una uhakika kweli, kitufe cha chini, rudi, rudi, paka abaki, kamle samaki wako.

Basi ni kijiji. Akakifungua, akaage hata kidogo, mtu haondoki bila kuagwa, muziki wake ule mdogo ukaanza, akaubana kwenye kifua, kijiji na vinyumba vyake, mto, maua aliyoyamwagilia jana, na pale mlangoni kama kawaida dubu mnene mwenye shati la mistari, na juu ya kichwa chake jina, Kitinda, aliliandika mwenyewe, na gemu inaruhusu umpe dubu neno lake la kusema, kwa hiyo katikati ya maneno yote ya kigeni, ambayo Bibi huyapita kama anayechambua mchele akiona ni chuya tupu, mwishoni kabisa linakuja hilo moja la nyumbani, lenye herufi anazozijua, alilisoma mara ya kwanza kwa kidole, taratibu: Umekula, mama? Kila ukimsogelea. Mvua ikinyesha humo, umekula, mama. Ukimkanyagia maua, umekula, mama. Miaka miwili sasa dubu anamuuliza, na yeye anabonyeza kitufe cha ndiyo, nimekula, nimekula mwanangu, hata siku ambazo kanywa chai kavu akalala, na dubu anaruka kwa furaha, na asubuhi inaanza vizuri… leo akabonyeza, dubu akaruka, akamsogelea tena, umekula, mama, akabonyeza, akaruka, na Bibi akatafuta kitufe kingine, akajaribu cha juu, cha pembeni, vile viwili vya nyuma vinavyojificha, dubu akamtazama tu na macho yake ya vifungo, hakuna, vitufe vyote hivyo na hakuna hata kimoja cha kumuuliza na wewe je.

Na wewe je. Aliwahi kumuuliza lini? Kwenye simu ni yeye anayeongea, nani kaolewa, nani kaachwa, nani kaonekana kwa nani akitoka kwa mlango wa nyuma, na Kitinda huko aliko, kwenye ghala la barafu anapopakia maboksi na glavu mbili mbili, anacheka, eeh mama, eeh, usiniambie, na mwisho, "Haya mama, zamu yangu imefika," na simu inakatika yeye bado ana umbea mdomoni, na mara ya mwisho sauti yake ilikuwa nyembamba kama uzi, Bibi akamwambia binti yake, "Mtandao mbaya leo," mtandao… haukuwa mtandao. Mama gani anayejua Mshonaji kala nini jana na hajui mwanawe kala nini. Amekaa miaka miwili akimlinda dubu, anamng'olea magugu, na mwenye dubu… maji yanachuruzika, muziki unacheza, ukanda bado ni mwekundu, kidogo kile kile, na kidole kiko pale pale, lakini sasa hakisiti, kama ni kufutwa na afutwe, ila kwanza aulizwe, hata na mtu asiyejua kitufe chake, na Bibi akakileta kimashine usoni, akasema kwa mdomo, kwa sauti ya kuita mtoto atoke kucheza mbali, "Na wewe je, Kitinda? Wewe umekula?"

Sebuleni viti vikasukumwa. Halafu nyayo. Komeo la bafuni ni lile lile ambalo Kitinda alikuwa akisema atalitengeneza kesho, msumari na uzi, Chiriku akasukuma mara moja uzi ukakatika, na mlango ukafunguka wote mpaka ukutani, na wote wako pale, binti yake na kisu cha keki mkononi, mkwe aliyegeukia dari haraka kwa heshima ya mama mkwe, Mshonaji nyuma yao, nani kamwalika Mshonaji, mashavu yamejaa keki na macho yamejaa mengine, anatikisa kichwa kwamba mimi sikusema, sikusema mengi, na Bibi kwenye ndoo, mkavu kuanzia utosini mpaka kisigino, bomba linachuruzika kando yake kama shahidi, dubu anaruka kwenye kioo. "Ndiye yeye!" Chiriku akalia na kucheka kwa pamoja. "Mama, mwone! Mwizi wa chaji!" na mkono wake wa pili ulikuwa umeinua simu juu, na ndani ya simu, chini ya kofia nzito ya sufu, uso uliokonda, unaocheka, unaojifuta macho kwa glavu, ndiye waliyekuwa wakimwitia muda wote huu, toka basi, unaitwa. "Mama," Kitinda akasema, "hicho kilichoko mapajani ni nini?"

Bibi akatazama kimashine, akatazama kanga yake, hapakuwa na pa kukificha tena.

"Usinibadilishie maneno," akaiambia simu. "Nimekuuliza, umekula?"