Dada Aliyeifuata Meli

Wenzangu hutumiwa salamu na kaka zao. Mimi natumiwa mshairi wa Kirusi. Kaka yangu Jackton ni dereva wa maghala ya Al-Sulay, Riyadh, na kitabu cha mshairi huyo alikipata sokoni Batha, juu ya lundo la mashati ya mitumba. Anakisoma akingoja kupakiwa mzigo, kisha ananisimulia kwa ujumbe wa sauti. Mimi niko Jeddah, namsikiliza nikipiga pasi kanzu za bosi, miguu ikiwaka moto.

Mshairi huyo aliandika pia hadithi ya babu wa mama yake, Mwafrika aliyechukuliwa akiwa mtoto, akavushwa bahari, akaishia kuwa zawadi kwa mfalme wa Warusi. Mfalme akampenda, akamtafutia hata mchumba. Nikawa nasubiri harusi.

Leo Madam, mke wa bosi, anataka jibu: naongeza mkataba miaka miwili, au narudi nyumbani kwa mama. Jackton ameshaongeza.

Nikampigia.

"Sign tu, sis," akasema. "Tutarudi pamoja."

Ndivyo alivyoniambia nilipomfuata huku, na tangu nifike sijamtia machoni.

"Kwanza nimalizie hadithi."

"Imeisha."

"Na harusi?"

"Mshairi hakuimaliza hadithi. Aliiacha katikati. Miaka baadaye akapigwa risasi akitetea jina la mke wake. Halas."

Nilikasirika kama mtu aliyeibiwa. "Na huyo babu, alirudi kwao?"

"Zii. Akawa jenerali, akapewa mashamba, akazikwa hukohuko. Lakini mshairi anasema hadi uzeeni alikuwa anamkumbuka dada yake. Siku wanamchukua, dada aliogelea akifuata meli."

"Akaifikia?"

"Hajasema."

Nilizima pasi. Jenerali sikumhurumia, yeye alipata kitukuu wa kumwandika. Nilimlilia yule msichana, mikono imelegea, meli inazidi kuwa ndogo, na nyuma yake mama amesimama ufukoni peke yake.

"Roseline? Uko?"

"Niko. Jack, mimi sitasign."

Nilisikia watu wakihimizana kwenye maghala, yalla, yalla.

"Sasa mimi nitabaki na nani huku?"

Hakuwahi kuniuliza hivyo, na nusura nibadilishe mawazo.

"Nakupenda, kaka," nikasema. "Lakini nimechoka kuogelea."

Nikakata simu, nikaenda sebuleni kumwambia Madam anitafutie tiketi.