Sauti ya Hedwiga Yaenda Kazini

Kila Jumanne asubuhi Hedwiga alikunywa maji ya tangawizi, akatoka Levolosi kwenda studio iliyoko mtaa wa Sakina, akaketi nyuma ya pazia la buluu. Mbele ya pazia Brightness, msichana mwenye meno mazuri, alicheza na watoto akifungua na kufumba mdomo. Sauti ilikuwa ya Hedwiga. Nyimbo za kuhesabu, za kunawa mikono, za kuvuka barabara, zote alizitunga yeye. Zamani alisimama mbele mwenyewe, hadi Ephraimu, mtayarishaji wa kipindi hicho cha runinga, aliposema watoto wanapenda sura changa.

Hedwiga hakubisha. Lakini kila alipowaona watoto sokoni wakimkimbilia Brightness na kumng'ang'ania sketi, aliacha kununua, akarudi nyumbani.

Jumanne moja hakwenda.

"Leo aimbe mwenyewe," alimwambia jirani yake, Twahira. "Tuone."

"Atabaki mdomo wazi kama sato wa sokoni!"

Saa ya kurekodi ilipofika, sauti ilimtoka Hedwiga, ikapita dirishani, ikashika njia ya Sakina. Ilikuwa imezoea kazi. Kipindi kilirekodiwa vizuri. Jioni ikarudi imechoka, inanukia manukato ya Brightness. Hedwiga aliinusa, akaigeuzia mgongo.

Wiki iliyofuata ilirudi alfajiri. Kisha haikurudi tena. Majirani walikuja kumpa pole, kama anavyopewa mke ambaye mumewe amehamia kwa mwingine. Twahira alisema dalili huwa ni hizo hizo, huanza na manukato.

Hedwiga alimtumia Ephraimu ujumbe kwa simu: "Nirudishieni sauti. La sivyo, andikeni jina langu kwenye kipindi."

Jumapili, baada ya ibada, Ephraimu alikuja na Brightness. Mkononi alishika jani la isale lililofungwa fundo. Mchaga hakatai isale. Ukishalipokea umesamehe, na kesi imekwisha. Ephraimu, mtu wa Machame, alilijua hilo vizuri.

"Shikamoo, mama," alisema Brightness.

Hedwiga alifungua mdomo.

"Marahaba, mwanangu," sauti yake ikajibu kutoka kooni mwa Brightness. "Karibuni chai."

Wakanywa chai. Hedwiga alilitazama lile jani mpaka chai yake ikapoa, kisha akalipokea.

"Ahsante sana, mama," Ephraimu alisema, akijifuta jasho. "Hilo la jina tutaliangalia."

Walipoondoka, Hedwiga alilichomeka isale kando ya bomba la uani, likashika mizizi.

Jumamosi alikwenda kwa Twahira kutazama kipindi. Sauti iliimba wimbo wa kunawa mikono, safi kuliko zamani. Majina yakapita mwishoni, lake halikuwemo. Wimbo ulikuwa bado unaendelea, na midomo ya Hedwiga ilikuwa ikiufuata, neno kwa neno, kimya.

Twahira alimtazama, akaitazama runinga, akamtazama tena.

"Unapatia kabisa, dada," alisema. "Ungekuwa na umri wa Brightness, wangekuweka mbele."