Apdeti Imemeza Barabara ya Baba

Jamani, hata sijui nianzie wapi. Ngoja nianze na baba, maana bila kumjua baba mtaniona mwendawazimu tu, msichana mzima wa chuo anakimbia Busia na kandambili mguu mmoja.

Baba yangu ni Mzee Ojiambo. Alikuwa dereva wa trela, Mombasa mpaka Kampala, tangu sijazaliwa. Mwaka juzi kiharusi kikampata hapa hapa nyumbani, Busia ya Uganda, akiwa anavaa soksi. Mkono wa kulia ukalala, mguu ukalegea, maneno yakaisha. Alikuwa anatusikia, hilo tulijua. Lakini ukimuuliza kitu, mdomo unasogea, unasogea, hakuna kinachotoka, halafu machozi. Mama akaacha kumuuliza. Mimi nikaacha pia.

Sasa mimi nasoma kompyuta chuoni Tororo, na kuna gemu moja la malori. Unachukua mzigo, unaendesha trela, unafuata barabara, basi. Tulilinunua kwa akaunti yangu kwenye lile duka la mtandaoni la magemu. Barabara zake ni za Ulaya, lakini ng'ambo, Busia ya Kenya, kuna kijana anaitwa Tom, ana saiba, duka la intaneti, nyuma ya soko, na huyo Tom akili zake Mungu anazijua. Amechora barabara yetu yote akaipachika ndani ya gemu: Nakuru, Kisumu, Busia, Tororo, na matuta yake, na vibanda vyake, mpaka mbuzi wanaovuka bila kuangalia. Nikamkalisha baba mbele ya usukani wa plastiki. Akashika kwa mkono wa kushoto. Akaondoka Kisumu polepole. Alipofika Ugunja, baba yangu akafungua mdomo akasema, "Ugunja."

Mama aliangusha sufuria na ugali wake.

Tangu siku hiyo baba anaongea akiwa kwenye usukani tu. Anataja mahali: "Bumala." "Busia." Siku nyingine anamtukana mbuzi. Akitoka kwenye kiti, kimya. Daktari wake wa mazoezi alituambia tusimkatize hata siku moja, hayo maneno machache ndiyo kamba anayovutia mengine, na kamba ikikatika hajui kama itashikika tena. Kwa hiyo mnaelewa. Hilo gemu kwetu si mchezo.

Na shida ya hilo gemu ni apdeti. Wenye gemu wakileta toleo jipya, barabara ya Tom inakataa mpaka aikarabati ilingane nalo. Gemu na barabara lazima vitembee pamoja. Ndiyo maana kompyuta ya baba hatuiruhusu mtandao kabisa. Tom akimaliza ukarabati ananipigia, navuka mpaka na diski, ananijazia kila kitu kwa waifai yake, narudi nayo kwenye mkoba, naingiza mwenyewe kwa mkono. Wapenda magemu wa huku kwetu wote tunafanya hivyo, tunaita kuvusha. Bando za huku zingetumaliza.

Sasa jana mchana. Nimetoka Tororo, nina kazi ya chuo ya kutuma, nikawasha hotspoti ya simu nitumie laptopu yangu. Nikatuma. Nikaenda nje kuanua nguo. Hotspoti nikaisahau, na kompyuta ya baba, kumbe, iliwahi kuunganishwa na simu yangu zamani ikaweka kumbukumbu! Ikaonja mtandao. Kile kitufe cha kijani cha kuchezea kikageuka cha bluu, cha kuapdeti, pale pale, mahali pale pale. Baba hasomi tena tangu augue. Anajua mahali pa kitufe tu. Akabonyeza.

Naingia na nguo mabegani, nakuta gemu limefunguka na kuna theluji.

Theluji, jamani. Miti mirefu myeusi, vibao vya lugha siijui, na magari yote yanapita upande wa kulia. Baba ameshika kushoto kwake kama kawaida, lori kubwa linamjia uso kwa uso na taa zinawaka. Akakata kona. Likamgonga. Baba akaachia usukani. Akautazama mkono wake ule mzima, kama vile mkono ndio umekosea, halafu akatoa sauti ambayo sitaki kuisimulia.

"Baba, si wewe! Ni apdeti! Ngoja nakuja, usitoke hapo!"

Hakunitazama. Midomo ilikuwa imefungwa kabisa, hata haisogei. Nikampigia Tom.

"Wee Bridgit, niaje?"

"Tom, imeonja mtandao!"

"Zii! Imekula ngapi?"

"Yote! Baba yuko Ulaya!"

"Woiye. Basi barabara yangu imelala, hiyo toleo mpya haiijui. Sikia, usilie. Ile ya zamani niko nayo. Leta diski, na uzime hotspoti kabla hujatoka, isije ikaila tena."

Nikazima, nikachukua mkoba, nikakimbia. Kandambili moja ilibaki kwenye mtaro, sikurudi. Mpakani askari anayenijua akacheka: "Nyabo, leo umebeba nini na mbio hivyo?" Nikamwambia, "Bado sijabeba, ssebo, nakwenda kubeba!"

Kwa Tom ule mstari wa kunakili ulitambaa kama konokono mwenye malaria. Nilisimama nyuma yake nauma kucha.

"Kaa chini basi, unanipa presha," Tom akasema.

"Baba akinyamaza tena ni juu yako."

"Juu yangu? Mimi ndiye wizara ya ujenzi ya mzee wako! Nimemwekea lami mpaka Tororo na sijaona hata shukrani ya soda."

"Tom, naogopa."

Akaacha utani. Akachomoa diski, akanipa kwa mikono miwili. "Ingiza kama nilivyokufundisha. Na uiweke bila mtandao kabla hujafungua chochote. Enda."

Narudi nyumbani, kiti hakina mtu.

Theluji bado inaanguka kwenye skrini, mlango uko wazi, fimbo haipo. Mama yuko sokoni. Nikatoka nje napiga kelele. Loy, jirani yetu wa chapati, akaninyooshea mwiko.

"Mzee ametoka sasa hivi. Nimesalimia yeye, amenipita tu kama upepo. Amekwenda upande ya malori."

"Na hujamzuia?"

"Banange, mimi nimefurahi! Nimeona anatembea!"

Upande wa malori ni ule uwanja ambapo matrela yanasubiri mihuri ya forodha. Nilielewa nikiwa bado nakimbia, na ndiyo ilinitisha zaidi: barabara yake imepotea kwenye kompyuta, kwa hiyo ameenda kuitafuta.

Watu walikuwa wamejaa tayari. Trela moja la mahindi lilikuwa linanguruma, dereva wake aliliacha linawaka akaenda dirishani na makaratasi. Mbele yake kuna tangi la mafuta. Nyuma yake akina mama wa nyanya wanavuta makarai yao kwa haraka, mmoja anaita Yesu. Na juu kule, kwenye kiti cha dereva, baba yangu. Alipandaje na mguu ule? Mpaka sasa hakuna aliyeweza kuniambia. Amejifungia ndani, vioo vimepandishwa nusu, mkono wa kushoto uko kwenye gia.

Dereva mwenyewe, anaitwa Ekaju, mtu wa Tororo, alikuwa anapiga mlango kwa ngumi. "Mzee, fungua! Fungua, mzee! Huyu ataua watu!"

Kila akipiga, baba anaruka kidogo, na trela nalo likaruka. Breki zikapumua, *tsss*, matairi yakasogea. Watu wote wakapiga yowe.

"Acha kupiga!" nikamwambia Ekaju. "Ni baba yangu! Ukimshtua ndiyo ataondoka!"

Nikapanda ngazi ya mlango. Nikashika kile chuma cha kioo cha pembeni, nikapitisha uso dirishani. Jasho lilikuwa linamtiririka. Macho yake yako mbele, kwenye lile tangi, lakini halioni, anatafuta kitu mbali, ng'ambo ya hilo tangi.

"Baba. Zima gari. Tafadhali."

Hakuna.

"Baba, Tom amerudisha barabara, iko kwenye mkoba, ona."

Hakuna. Mkono ukasukuma gia. Nikasikia meno ya chuma yakisagana chini yangu, na nikajua likiingia tumekwisha, mimi na akina mama na tangi na kila mtu.

Sijui nilipata wapi lile wazo. Nafikiri ni woga tu. Baba hazimi gari njiani. Hata kwenye gemu hajawahi, lazima afike, aegeshe vizuri, ndipo azime. Basi nikaanza kumpeleka kwa mdomo. Ile njia naijua, si ndiyo ninayopita kwenda chuo?

"Baba, polepole, tumetoka Busia. Tumeacha mji. Kuna boda amebeba godoro, mpishe. Sawa. Barabara ni nyeupe sasa, mashamba pande zote." "Tunakwenda, tunakwenda... sasa tuko Rubongi, naona kambi ya jeshi..."

Mkono ukasimama kwenye gia.

"Namutere," baba akasema.



"Umeruka Namutere," akasema. Taratibu, kila neno kama analibeba begani. "Pale... tunakata... kulia."

Jamani! Ni sentensi! Tangu augue hakuna mtu aliyesikia sentensi! Nilitaka kupiga vigelegele, na gari bado linanguruma chini ya miguu yangu, na mkojo ulikuwa karibu kunitoka, msinicheke.

"Samahani, baba. Namutere. Tumekata kulia. Tunapanda. Sasa je, Rubongi?"

Akaitikia kwa kichwa.

"Rubongi. Tumepita wanajeshi. Naona mlima wa mawe wa Tororo. Naona moshi wa kiwanda cha simenti. Punguza, kuna matuta. Kuna nafasi pale kushoto, baba, kubwa, inakutosha. Egesha."

Alichukua muda. Alikagua kioo cha kulia, akakagua cha kushoto. Akarudisha gia katikati. Akavuka na mkono wake mzima mpaka kwenye ufunguo upande wa pili, akazima.

Ule ukimya, wacha tu. Nikasikia mahindi yanamwagika kidogo kwenye gunia moja lililopasuka.

Baba akafungua komeo la mlango, Ekaju akauvuta, mimi bado nimening'inia juu yake, vidole vimegoma kuachia kile chuma. Alikuwa amejaza matusi mdomoni, nilimwona. Lakini baba alimtangulia. Akamtazama kutoka juu mpaka chini, dereva kwa dereva.

"Unaachaje gari... linawaka?"

Watu walicheka mpaka wengine wakakaa chini. Ekaju akavua kofia. "Samahani, mzee. Sitarudia." Akamshusha mwenyewe, amemkumbatia kama gunia la mayai.

Nyumbani nikaweka ile diski. Bila mtandao kwanza. Nikanakili gemu la zamani, nikaweka barabara ya Tom juu yake, nikakagua mara mbili, nikazima simu yangu kabisa nikaifungia kabatini. Kitufe kikawa kijani. Baba akakaa. Akawasha.

Mama alikuwa amerudi, ameshasikia habari zote kwa Loy na chumvi ya kutosha, amesimama mlangoni na kanga mdomoni. Mimi niko nyuma ya kiti. Baba akapita Yala. Kimya. Akapita Ugunja, mahali ambapo hakuwahi kukosa. Kimya. Bumala, kimya. Nikafikiria, basi, ameyamaliza yote kule uwanjani. Yalikuwa hayo tu. Nikainama zaidi kumwona midomo.

"Bridgit," baba akasema, macho barabarani. "Toka hapo. Unanipumulia shingoni."