Goti la Kabula

Saa saba mchana Kabula alipeleka ugali na sato kwenye meza ya dirishani, katika hoteli ya Sharifu, Bariadi mjini. Mteja alipomaliza kula akamnyooshea elfu mbili.

"Ya soda hiyo."

Kabula akapiga goti, akaipokea kwa mikono miwili kama alivyolelewa. Aliposimama alikuwa amepungua tena upana wa kidole kimoja, kama kila alipopokea.

Hakuna aliyeshtuka. Evalina, mhudumu aliyemtangulia, alipungua hivyohivyo, na sasa anakaa kwenye kikopo cha vijiti vya meno, anakaribisha wageni kwa sauti nyembamba. Wageni humwitikia vizuri tu.

Kabula yeye aliogopa, tena aliogopa kwelikweli. Ana mtoto wa miezi tisa, Nyanda, na mtoto mwenyewe mzito, jamani! Wiki ile alipombeba mgongoni, miguu ya mtoto iliburutika chini.

Akamfuata Sharifu kaunta.

"Bosi, naomba mshahara, hata mdogo. Hizi hela za wateja zinanimaliza."

"Mshahara?" Sharifu aliuliza kwa upole. "Tangu enzi za wanunuzi wa pamba, marehemu baba hakumlipa mhudumu hata senti. Wateja ndio waliokuwa wanatoa."

"Na wahudumu waliishia wapi?"

Sharifu akaendelea kufuta kaunta.

Kesho yake Kabula alijaribu kupokea akiwa amesimama wima. Wateja wakasema ana kiburi, wakarudisha pochi mfukoni. Siku tatu hakupata kitu, Nyanda akakosa uji, kisha homa ikampanda.

Jumamosi mzee mmoja muuza ng'ombe alinyoosha elfu kumi. Kabula alijua noti kubwa hukata kimo zaidi. Akarudisha mikono nyuma.

"Vipi, binti, huitaki?"

"Naitaka, baba."

Akapiga goti. Noti ikamfunika mwili mzima.

Dawa alikwenda kununua Dorkasi, mpishi, maana Kabula hakufikia hata kimo cha kizingiti cha duka. Jumatatu Dorkasi alimleta Nyanda jikoni, homa imeisha. Mtoto akatambaa hadi kwa mama yake, akamwinua kwa mkono mmoja, akampeleka mdomoni.

Dorkasi alimnyang'anya haraka. Kabula alijifuta mate ya mwanawe, akasema mtoto amepona, njaa imemrudia. Mlangoni Sharifu alikuwa anabandika tangazo: anatafutwa mhudumu wa kike, mwenye heshima.