Majani ya Jecinta

Haya niliambiwa na Eugene mwenyewe, kijana wa jirani yangu Jecinta, Jumamosi iliyopita alipokuja kunipasulia kuni.

Chuoni Eugene aliigiza miaka mitatu, na sifa yake ilikuwa sauti: hata aliyekaa kiti cha mwisho ukumbini alimsikia. Alipomaliza alikaa nyumbani mwaka mzima akichuma chai, asiitwe na mtu kuigiza. Ndipo Shirley, aliyesoma naye, akaja hapa Kapkatet na kamera ya kuazima kutengeneza filamu yake mwenyewe. Alimpa Eugene nafasi ya karani wa kupima majani, amkatalie mama mmoja majani yake. Ni maneno machache tu, lakini akishindwa yangepewa Kipkurui, kijana mwenzake, na Kipkurui alikuwa amesimama pale pale akingoja.

Mama wa kukataliwa alikuwa Jecinta, mamake mwenyewe. Wenzake waliambiwa wajaze nyasi vikapuni na majani kidogo juu, chai isiharibike, wakafanya hivyo. Yeye akaja na kikapu kimejaa chai tupu.

"Mimi sibebi uongo," alisema. "Tukimaliza nitapima haya lori likija."

Wakaanza.

"Mama, hii majani ni mbaya! Rudi nayo!" Eugene akanguruma.

"Kata," Shirley akasema. "Wee Eugene, unahubiria Bomet nzima? Mama yuko hapa mbele yako."

"Hata ng'ombe wangu amekusikia, karani!" Phyllis, mmoja wa wachumaji, akamtania, na wanawake wakacheka.

Wakarudia. Jua likapanda, wakarudia tena. Mara ya tisa hakuna aliyecheka, na Shirley alikuwa ameanza kumtazama Kipkurui. Eugene akatia mkono kikapuni, kama karani anavyofanya, akakuta ndani ni moto kama uji. Majani yalikuwa yamebanwa tangu asubuhi, yameanza kuwa mekundu na kuharibika. Akamtazama mamake. Mamake alishajua.

Hakusikia uchungu, aliniambia. Alikuwa kama mguu uliokaliwa ukafa ganzi.

"Mama," akasema polepole, "hii majani ni mbaya. Rudi nayo."

Jecinta akainama, akachukua kikapu.

"Hiyo ndiyo!" Shirley akapiga makofi.

Saa kumi lori lilikuja. Karani wa kweli akatia mkono, akatikisa kichwa, akaita mama mwingine. Jecinta akaenda kuyamwaga majani yake chini ya migomba.

Jioni walikula pamoja. Eugene alingoja agombezwe, au asifiwe.

"Yule karani wa lori hakuniangalia," mamake akasema mwishowe. "Wewe uliniangalia."

Akaenda kulala. Eugene akabaki na sahani magotini, akitafuta moyoni furaha, au hata aibu. Hakupata. Akaosha sahani, akazima taa, akalala.