Akina Joseph wa Délima

Ninatunza posta ya kijiji chetu mwaka wa kumi na tisa sasa, na sijawahi kuiamini bahasha ya kahawia kutoka serikali kuu, Ottawa. Bahasha nyeupe huleta harusi na misiba. Ya kahawia huja kutaka kitu.

Mwezi wa nne, mwaka 1945, zilifika gunia zima. Bunge la Ottawa lilikuwa limepitisha posho ya watoto: kila mama mwenye mtoto chini ya miaka kumi na sita alipwe kila mwezi, mradi aliyefikia umri wa shule awe shuleni. Wakubwa wa mkoa wetu kule Quebec waling'aka kwamba watoto ni wetu, Ottawa isitie mkono. Sisi kijijini hatukujali nani ana haki juu ya nani. Tulikumbuka mwaka 1940, tulipoandikishwa sote tukaambiwa ni hesabu tu, kisha barua za jeshi zikawafuata vijana. Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka.

Délima, jirani yangu mjane, alikuwa na sababu ya kushtuka kuliko wote. Mwanawe mkubwa, Lucien, alikuwa ameikimbia barua yake ya jeshi, akajificha msituni katika kibanda chao cha kuchemshia utomvu wa miti ya sukari. Hata vita vya Ulaya vilipoisha mwezi wa tano, askari waliendelea kuwasaka watoro.

"Sijazi," aliniambia. "Wakijua nina saba wadogo, watauliza wa nane yuko wapi."

"Fomu inataka wadogo tu, dada."

"Wewe Exilda, usiyeamini hata kengele ya kanisa, leo unaiamini Ottawa?"

Hapo alinipata. Lakini nilikuwa namfikiria Aurèle, mwanawe wa miaka kumi na tatu, ambaye mwalimu wake alisema hajapata kufundisha kichwa kama kile. Bila posho angeacha shule aende kambi ya magogo. Nikambembeleza Délima siku tatu, kisha nikamjazia fomu kwa mkono wangu.

Na hapo ndipo nilipoharibu. Kwetu kila mvulana hubatizwa Joseph na kila msichana Marie, halafu ndipo linapofuata jina analoitwa nyumbani. Padri, aliyewajazia wengine, aliandika jina la nyumbani. Mimi nikajifanya mjuzi wa sheria, nikaandika la ubatizo. Nafasi zilikuwa finyu, kwa hiyo Ottawa walisoma hivi: Joseph, Joseph, Joseph, Joseph, Marie, Marie, Marie.

Mwezi wa sita wakaleta mkaguzi. Bwana Whitlock, Mwingereza mrefu kama nguzo ya simu, mwenye kuokoteza Kifaransa chetu. Alisimama uani kwa Délima, watoto wakicheza, akaita kwa sauti, "Joseph!"

Hakuna aliyegeuka. Tangu wazaliwe nani aliwahi kuwaita hivyo?

"Madam," alisema, "una watoto wanne wasiojua jina lao."

Nikamweleza mila yetu. Alinitazama kama ninavyowatazama wanaoniambia barua imepotea. Akataka kitabu cha ubatizo. Padri akakileta, na Bwana Whitlock akateremsha kidole mstari kwa mstari, akihakikisha kila mtoto aliyekuwa mbele yake. Kisha akarudi juu, kidole kikasimama.

"Joseph Lucien, 1923. Huyu yuko wapi?"

"Amekufa," Délima alisema.

Padri akaanza kuvitazama viatu vyake. Kitinda mimba, Berthe wa miaka mitano, akaangua kilio.

"Lucien kafa saa ngapi? Si asubuhi nimempelekea supu ya njegere?"

Bwana Whitlock alimtazama mtoto, akamtazama mama, akafunga kitabu.

"Pole kwa msiba, mama," alisema, akavaa kofia yake.

Ile pole niliisikia kama kejeli. Saa moja baadaye alikuja dirishani kwangu, akatuma bahasha ya kahawia, akapanda treni. Sikungoja. Niliishikilia juu ya mvuke wa birika mpaka gundi ikaachia. Ndani kulikuwa na Kiingereza kitupu, lugha ambayo siisomi. Neno moja tu nililitambua, mstari wa mwisho: Lucien.

Nikaitia barua motoni, nikaitazama mpaka ikawa jivu. Nilijiona shujaa.

Mwezi wa saba hundi zilifika kijiji kizima. Ya Délima haikufika. Alikuja dirishani kila siku, nami kila siku nikatikisa kichwa. Mwezi wa nane, vivyo hivyo. Mwezi wa tisa Aurèle alifunga vitabu vyake kwa kamba, akamrudishia mwalimu, akapanda lori la kambi ya magogo.

Bwana Whitlock, aliyekuwa amepelekwa wilaya nyingine, alirudi theluji ya kwanza ilipoanguka.

"Barua yangu haikufika ofisini," aliniambia. "Unajua lolote?"

"Gunia moja lililowa mvua," nikadanganya.

"Pole," alisema, kwa sauti ile ile ya siku ile.

Alikuwa na nakala yake. Padri akatusomea kwa Kifaransa: watoto saba nimewaona kwa macho yangu, suala la majina ni mila ya watu hawa, mama alipwe bila kuchelewa. Na mstari wa mwisho: Lucien, mkubwa, amefariki kwa maelezo ya mama, hakuna haja ya kuuliza zaidi.

Hundi ilianza kuja Desemba, ya watoto sita. Aurèle hakuwa shuleni, sheria ikamruka, naye hakurudi tena darasani. Lucien alitoka msituni mwaka uliofuata, watoro waliposamehewa.

Sijamwambia mtu. Naona aibu, tena aibu kubwa. Kila mwezi Aurèle akiteremka kutoka kambini huja kumchukulia mama yake hundi. Mikono yake imejaa sugu, na kidole kimoja hakipo.

"Asante, shangazi Exilda," huniambia kila mara. "Bila wewe mama asingejaza ile fomu."

Nami humpa kalamu atie sahihi, kisha namwita anayefuata.